Dizeli ya Waingereza na Reli Isiyofika Songea

Mtu akiwa Songea na akitaka kupanda garimoshi, hana budi kwanza apande gari la matairi hadi Makambako, mwendo wa kilometa 300 hivi kuelekea kaskazini, akipita milima ya Lukumburu na baridi ya Njombe. Huko ndiko iliko reli iliyo karibu naye kuliko zote. Nayo haikujengwa na Waingereza, walioitawala Tanganyika tangu Vita Kuu ya Kwanza hadi Desemba 1961, bali ilijengwa na Watanzania, Wazambia na Wachina katika miaka ya 1970. Upande wa mashariki, kwenye nchi ya Masasi na Nachingwea, palikuwa na reli nyingine, lakini hiyo iling'olewa zamani. Upande wa kusini ni Mto Ruvuma, na upande wa magharibi ni Ziwa Nyasa.

Kwa hiyo huenda msomaji akaona ajabu kwamba habari za injini za dizeli za Kiingereza zaandikwa kwa kuanzia Songea. Kazi ya injini hizo katika Afrika ya Mashariki imekwisha kuelezwa na wapenzi wa magarimoshi, kwa namba zao, kwa rangi zao na kwa majina ya viwanda vilivyoziunda. Katika maelezo hayo Songea haimo, na ni haki isiwemo, kwa kuwa hakuna injini iliyofika huko. Walakini liko swali ambalo namba hazilijibu. Dizeli ilisifiwa kwamba ni chombo kiwezacho kwenda mahali pasipo maji, pasipo kuni na pasipo watumishi wengi. Kwa nini basi chombo hicho kilipelekwa kwenye njia zilizokwisha kuwa na vyote hivyo, na nchi iliyokuwa haina hata kimoja ikaachwa? Swali hilo laonekana wazi zaidi kutoka Songea kuliko kutoka Nairobi.

Yafaa kwanza chombo chenyewe kifahamike. Neno "injini" hapa ni lile gari livutalo mabehewa, na neno "mtambo" ni ule wa ndani uchomao mafuta. Mtambo huo ulibuniwa na Mjerumani Rudolf Diesel, na ulifanya kazi sawasawa kwa mara ya kwanza huko Augsburg mwaka 1897. Hewa hukandamizwa ndani yake mpaka ikawa moto mkali, kisha mafuta hunyunyizwa humo yakawaka yenyewe bila cheche. Kwa mafuta machache hutoa kazi kubwa kuliko mvuke, ambao sehemu kubwa ya joto lake hupotelea hewani. Lakini una kasoro moja kubwa: hauna nguvu ukizunguka polepole. Injini ya mvuke yaweza kusimama na treni nzito nyuma yake, ikafunguliwa mvuke, ikaondoka. Mtambo wa dizeli ukilazimishwa hivyo huzimika. Ndiyo sababu mafundi wakaweka umeme katikati. Mtambo hauzungushi magurudumu. Huzungusha jenereta, na jenereta hupeleka umeme kwa mota zilizofungwa kwenye ekseli. Injini ya namna hiyo, kwa kweli, ni injini ya umeme iliyobeba kituo chake cha umeme mgongoni.

Uingereza, iliyolizaa garimoshi la mvuke, haikuwa na haraka ya kuliacha. Nchi ile imekaa juu ya makaa ya mawe, na mafuta yalikuwa lazima yaletwe kwa meli. Mwezi wa Desemba 1947, wiki chache tu kabla reli zote za nchi hiyo hazijatwaliwa na Serikali tarehe 1 Januari 1948, karakana ya Derby ilitoa injini namba 10000, yenye mtambo wa kampuni ya English Electric wa nguvu za farasi 1,600. Iliendeshwa vizuri, hata hivyo shirika jipya la reli liliendelea kuunda injini za mvuke kwa miaka mingine 12. Mwaka 1955 ndipo ilipotangazwa mipango ya kuzifanya reli kuwa za kisasa, kwa gharama ya pauni milioni 1,240, na ndipo haraka ikaja kwa kishindo. Injini za dizeli ziliagizwa za aina nyingi mno, kwa viwanda vingi mno, nyingine kabla zile za kwanza hazijajaribiwa. Kampuni ya North British ya Glasgow, ambayo injini zake za mvuke zilikuwa zikivuta mizigo pande zote za dola, pamoja na Afrika ya Mashariki, haikuuweza utengenezaji wa dizeli. Injini zake ziliharibika mara kwa mara, na mwaka 1962 kampuni yenyewe ikafa. Waliofaulu ni English Electric, waliokuwa wakiunda injini zao katika kiwanda cha Vulcan Foundry, mjini Newton-le-Willows. Garimoshi la mvuke lilikoma katika njia kuu za Uingereza Agosti 1968.

Tarehe hizi zina maana kwa mtu wa Afrika ya Mashariki. Watu wengi huamini kwamba makoloni yalipewa vyombo vilivyochakaa huko Ulaya. Katika jambo la dizeli haikuwa hivyo. Mwaka 1960 Shirika la Reli na Bandari za Afrika ya Mashariki, lililoundwa mwaka 1948 kwa kuunganisha reli za Kenya na Uganda na zile za Tanganyika, lilipokea injini 10 za kwanza za dizeli za njia kuu, zilizoitwa daraja la 90 na baadaye daraja la 87. Ziliundwa Vulcan Foundry. Mwaka huo huo, katika kiwanda hicho hicho, zilianza kutoka injini za Uingereza ambazo baadaye zilijulikana kama daraja la 37, zenye mtambo wa ukoo ule ule wa silinda 12. Zile za Uingereza zilikuwa na nguvu za farasi 1,750. Zile za Afrika ya Mashariki zilikuwa na nguvu za farasi 1,840. Hizi na zile zilikuwa ndugu wa tumbo moja, na aliyepelekwa Afrika hakuwa mnyonge.

Tofauti yao ilikuwa miguuni. Reli za Afrika ya Mashariki zina upana wa meta moja tu, na vyuma vyake katika sehemu nyingi vilikuwa vyepesi, visivyoweza kubeba ekseli nzito. Kwa hiyo chini ya kila ncha ya injini ziliwekwa ekseli nne: tatu zenye mota, na moja ya mbele isiyo na mota yoyote, kazi yake ikiwa ni kusaidia kubeba uzito. Ekseli nane zilifanya kazi ambayo huko Uingereza, kwa ndugu zake, ilifanywa na sita. Ni jambo dogo la ufundi, lakini laeleza mengi. Ile iliyonunuliwa kuwa injini ya kisasa kabisa ilibidi itembee juu ya njia iliyopimwa na kutandikwa kwa mahesabu ya zamani, nayo ikaongezewa miguu ili isiivunje. Tena katika njia ya Uganda ilipaswa kupanda mpaka Timboroa, zaidi ya meta 2,700 juu ya bahari, ambako hewa ni nyepesi na mtambo wowote uchomao mafuta hupungukiwa pumzi.

Shirika halikukimbilia dizeli kwa sababu mvuke umeshindwa. Miaka minne tu kabla ya hapo lilikuwa limemaliza kupokea injini 34 za Garratt za daraja la 59 kutoka kwa Beyer, Peacock wa Manchester. Kila moja ilikuwa na uzito wa zaidi ya tani 250, nazo zilikuwa kubwa kuliko injini zote za mvuke zilizopata kutembea juu ya reli ya upana wa meta moja. Zilipewa majina ya milima ya Afrika ya Mashariki. Nazo hazikuchoma makaa ya mawe, bali mafuta mazito yaliyoshushwa Mombasa, tena ya bei nafuu kuliko ya dizeli. Ilifikiriwa kuunda nyingine kubwa zaidi, daraja la 61, lakini shauri hilo liliachwa na dizeli ikachaguliwa. Hata hivyo zile za milima hazikuondoka upesi: zilikuwa bado zikivuta treni za mizigo mwishoni mwa miaka ya 1970.

Faida ya dizeli ilikuwa katika saa za kazi. Injini ya mvuke hudai muda mrefu wa kuchemshwa kabla ya safari, na baada ya safari hudai kusafishwa na kuoshwa bila. Katikati ya safari husimama kunywa maji. Dizeli huwashwa na kuondoka, na ikirudi yaweza kugeuzwa mara moja na kutumwa tena. Mbili zaweza kufungwa pamoja zikaongozwa na dereva mmoja. Kwa Shirika hiyo ilikuwa ni hesabu njema. Kwa watumishi ilikuwa ni hesabu nyingine. Fayamani, yaani mtu wa moto, hakuwa na moto wa kutunza tena, na kazi hiyo ndiyo iliyokuwa mlango wa Waafrika wengi kuingia katika chumba cha injini. Usukani wenyewe kwa miaka mingi ulikuwa umeshikwa na Wazungu na Wahindi. Dizeli ilikuja katika wakati huo huo ambapo vyama vya wafanyakazi vilikuwa vikidai ngazi hizo zifunguliwe. Huko Tanganyika chama cha wafanyakazi wa reli, katibu wake akiwa C. K. Tumbo, kilifanya mgomo mrefu mwanzoni mwa mwaka 1960, mwaka ule ule wa injini 10 za kwanza. Si kwamba mgomo ule ulikuwa juu ya dizeli. Ulikuwa juu ya mishahara na heshima. Lakini Mwafrika aliyepanda kushika usukani katika miaka iliyofuata alizidi kuushika usukani wa dizeli, na vituo vidogo vya maji, vilivyokuwa na mtu wake na bustani yake na wauza ndizi wake, vikaanza kupitwa bila treni kusimama.

Hayo yote yalikuwa kaskazini na katika Reli ya Kati. Sasa inafaa kurudi kusini, na kurudi nyuma.

Wajerumani ndio waliokuwa wa kwanza kuiwaza reli ya Songea. Mwanzoni mwa karne ya 20, Paul Fuchs alitumwa kuichunguza nchi kati ya Kilwa na Ziwa Nyasa, ili ijulikane kama reli ya kusini italipa. Reli hiyo ingeanzia Kilwa na kwisha Wiedhafen, mahali paitwapo sasa Manda, karibu na mlango wa Mto Ruhuhu. Maandishi yake yalichapishwa mwaka 1905. Mwaka huo huo Vita vya Maji Maji vikaanza, tena katika nchi ile ile ambayo reli ingeipita, na watu waliohesabiwa katika maandishi kuwa wakulima na wapagazi wa siku za mbele walikufa kwa bunduki na kwa njaa. Mwaka 1906 watemi na wakuu wa Wangoni walinyongwa, naye Songea Mbano, ambaye mji unaitwa kwa jina lake, akiwa mmoja wao. Hapakuwa na reli. Wajerumani walipeleka vyuma vyao Kigoma na Moshi.

Waingereza walipoingia walipima tena. Mhandisi Clement Gillman aliitembea nchi ya kusini-magharibi, na taarifa yake juu ya reli ya kuifungua nchi hiyo ilitoka mwaka 1929. Ulikuwa mwaka mbaya wa kuomba fedha. Dunia ilianguka katika dhiki ya biashara, na bei za mkonge, pamba na kahawa zikashuka pamoja nayo.

Kilichofuata ndicho kiini cha mambo. Nchi isiyo na reli haikuachwa tu bila kazi. Ilipewa kazi ya kuwatoa watu. Vijana wa Songea waliondoka kwenda mashamba ya mkonge ya Tanga, Morogoro na Lindi, wakawa manamba: watu wa kandarasi, wanaohesabiwa kwa namba. Hapo mwanzo walikwenda kwa miguu, majuma mengi. Baadaye, chama cha wenye mashamba ya mkonge kilipoanzisha ofisi yake ya kuajiri, SILABU, mwaka 1944, walichukuliwa kwa malori. Mkonge walioukata ulisafiri kwa reli mpaka bandarini. Mtu wa Songea, kwa hiyo, alikuwa akiijaza reli mizigo kwa muda wa miaka mingi. Ila hiyo reli ilikuwa ya mahali pengine. Mwenye kuandika kwamba kusini hakukuwa na mizigo ya kutosha angepaswa kwanza kuuliza ni nani aliyeikata mizigo ya kaskazini.

Tumbaku na kahawa vilijaribu kuigeuza hali hiyo. Chama cha ushirika cha Wangoni na Wamatengo, NGOMAT, kilichoanzishwa katika miaka ya 1930, kiliuza tumbaku iliyokaushwa kwa moshi na kahawa ya milima ya Umatengo. Mazao hayo yalikuwa na faida moja kwa nchi ya mbali: ni ya thamani kubwa kwa uzito mdogo. Mahindi hayana faida hiyo. Gunia la mahindi lililobebwa kilometa mia kadhaa kwa lori juu ya barabara ya udongo huwa limekwisha kuliwa na nauli kabla halijafika mlangoni kwa mnunuzi.

Mwaka 1947 ukaja mradi wa karanga. Uingereza, iliyokuwa na njaa ya mafuta ya kula baada ya vita, ilikusudia kulima karanga Kongwa, Urambo na Nachingwea, na sehemu kubwa kuliko zote ilikuwa iwe Nachingwea. Kwa hiyo reli ya kusini, iliyokataliwa kwa miaka 40, ilianza kujengwa mara moja. Ilianzia Mkwaya, kwenye hori ya Lindi, ikafika Nachingwea. Kisha ikaunganishwa na bandari mpya ya Mtwara, bandari yenye kina kikubwa, iliyofunguliwa mwaka 1954, na mwishoni mwa miaka ya 1950 tawi likafika Masasi. Msomaji ajuaye historia ya mradi ule anajua pia kwamba ulikuwa umekufa kabla njia haijakamilika. Januari 1951 Serikali ya Uingereza iliuacha, na pauni milioni 36 zikafutwa katika vitabu. Reli ikabaki na stesheni zake na ratiba zake, ikingojea karanga ambazo hazikupandwa.

Ilikuwepo, hata hivyo. Kutoka Masasi kwenda Tunduru na Songea ilikuwa nchi ya kupimika, na kwa mara ya kwanza mtu wa Songea angeweza kusema kwamba garimoshi linamjia. Tena dizeli, zile zilizoshuka Mombasa mwaka 1960, zingefaa sana katika nchi ya namna ile, yenye watu wachache na vituo vya mbali. Hakuna hata moja iliyopelekwa. Mwaka 1962, miezi kadhaa baada ya Uhuru, reli ya kusini ilifungwa kwa sababu ya hasara, na vyuma vikang'olewa. Katika miaka ile ile Shirika lilikuwa likijenga kwingineko: tawi la kutoka Kilosa lilifika Mikumi mwaka 1960 na Kidatu mwaka 1965, na mwaka 1963 Reli ya Tanga iliunganishwa na Reli ya Kati kwa njia ya Mnyusi hadi Ruvu.

Hapa lile swali la mwanzo hupata jibu lake, nalo si jibu la chuki wala la upendeleo peke yake. Limo katika namna dizeli inavyogharimu. Injini ya mvuke ni rahisi kununua na ghali kuiendesha; ikikaa bandani siku mbili bila kazi, mwenyewe hapotezi sana. Dizeli ni ghali kununua na rahisi kuiendesha; kwa hiyo ni lazima ifanye kazi mchana na usiku ili ilipe deni lake. Ikikaa, deni halikai. Chombo ambacho kwa ufundi kinafaa nchi ya mbali, kavu na ya watu wachache, kwa hesabu ya fedha kinafaa njia yenye treni nyingi tu. Mafundi walikuwa wakisema kweli walipoisifu, na wahasibu walikuwa wakisema kweli walipoipeleka Nakuru na Kampala. Hivyo dizeli, badala ya kupunguza umbali kati ya nchi yenye reli na nchi isiyo na reli, iliuongeza: njia yenye mizigo ilizidi kuwa ya bei nafuu, na njia isiyo na mizigo ilizidi kuonekana ya anasa.

Lakini wahasibu walikosea katika jambo moja: walihesabu mizigo ya siku ile kana kwamba ni ya milele. Reli ya kusini iling'olewa wakati mikorosho ya Mtwara na Lindi ilikuwa imekwisha kupandwa na inakua. Mwaka wa mavuno wa 1973/74 korosho za Tanzania zilifika karibu tani 145,000, nyingi zao zikitoka mikoa hiyo. Zilikwenda bandarini kwa malori, sambamba na tuta tupu la reli.

Ndivyo dizeli ya Kiingereza ilivyofika Songea: haikuja juu ya reli, ilikuja juu ya matairi. Malori ya Leyland, Albion na Bedford yaliyopanda Njombe na kuteremka Lukumburu katika miaka ya 1950 na 1960 yalitoka katika nchi ile ile ya Vulcan Foundry, na mengi yao yalichoma mafuta yale yale. Ila lori hubeba tani chache, na wakati wa masika hukwama. Katika miaka ya 1970 Serikali iliweka bei moja ya mahindi kwa nchi nzima, mkulima wa Songea akapata sawa na wa Kilosa, na gharama ya uchukuzi ikachukuliwa na Serikali yenyewe. Kwa bei hiyo na kwa mbolea ya ruzuku Ruvuma ikawa mojawapo ya mikoa minne mikuu ya mahindi, pamoja na Iringa, Mbeya na Rukwa. Bei moja ilikuwa, kwa maana fulani, reli iliyojengwa kwa karatasi. Ilipoondolewa, mkulima alijikuta tena pale alipokuwa babake, akiuhesabu umbali.

Reli ya chuma yenyewe ilikuwa imekwisha kupita kaskazini yake. Baada ya walowezi wa Rhodesia kujitangazia uhuru Novemba 1965, Zambia ilihitaji njia nyingine ya kutolea shaba. Taarifa ya Benki ya Dunia ya mwaka 1964 ilikuwa imeikataa reli ya kutoka Dar es Salaam. Ile ya Maxwell Stamp ya mwaka 1966, iliyofanywa kwa fedha za Uingereza na Kanada, iliona kwamba inawezekana. Lakini fedha za kuijenga hazikutoka huko. Mapatano na China yalitiwa sahihi Septemba 1967, ujenzi ukaanza mwaka 1970, na reli ya kilometa 1,860 hadi Kapiri Mposhi ikakabidhiwa Julai 1976. Ilikuwa reli ya dizeli tangu siku ya kwanza. Injini zake zilitoka China, za nguvu za farasi 1,000 na 2,000, nazo zilipeleka nguvu magurudumuni kwa mafuta yasukumwayo na si kwa umeme. Mlima kati ya Mlimba na Makambako uliziadhibu. Katika miaka ya 1980 ilibidi Ujerumani Magharibi ilete injini zenye mitambo ya General Electric, ambazo zilitumia jenereta na mota kama zile za Vulcan Foundry.

Hata kama Shirika la zamani lingekuwa na ukarimu wa kutuma injini moja ya daraja la 90 huko Makambako, isingeweza kusimama juu ya reli. Njia ya TAZARA ina upana wa milimeta 1,067, kama za Zambia. Ile ya Shirika ina milimeta 1,000. Upana wa vidole vitatu au vinne uliitenga mipango ya Waingereza na ile ya Wachina, na mizigo ilibidi ishushwe na kupakiwa tena.

Uingereza, iliyokuwa haikutoa fedha za reli, ilitoa za barabara. Lami ya kutoka Makambako hadi Songea ilijengwa kwa msaada wake na kumalizika katikati ya miaka ya 1980. Ni barabara njema, na watu wa Songea waliifurahia kwa haki, kwa kuwa safari ya masika iliyokuwa ya siku nyingi ikawa ya saa. Kufikia wakati huo Shirika la Reli la Afrika ya Mashariki halikuwapo tena. Lilivunjika mwaka 1977 pamoja na Jumuiya. English Electric nayo ilikuwa imemezwa na GEC mwaka 1968. Injini za daraja la 87 ziliendelea kuzeeka nchini Kenya, vipuri vyake vikizidi kuwa adimu, wakati ndugu zao wa daraja la 37 walikuwa wakitengenezwa upya huko Uingereza; baadhi yao walikuwa wangali wakivuta treni katika karne ya 21. Mtambo ulikuwa ule ule. Tofauti ni kwamba mmoja alizeeka karibu na kiwanda chake.

Mipango ya reli ya Songea haikukoma. Iliyopo inaitwa Ushoroba wa Mtwara: reli ya kutoka Mtwara hadi Mbamba Bay, na matawi ya kwenda kwenye makaa ya mawe ya Mchuchuma na chuma cha Liganga, jumla yake kama kilometa 1,000. Imepimwa, imezungumzwa, imetangazwa kwa wenye mitaji, lakini haijajengwa. Wakati huo huo treni za umeme zilianza kwenda kati ya Dar es Salaam na Dodoma mwaka 2024, hata huenda Songea ikaruka zama za dizeli nzima kama ilivyoruka zama za mvuke.

Na mizigo, ile iliyosemwa kwamba haipo, imepatikana. Makaa ya mawe ya Ngaka, wilayani Mbinga, yalianza kuchimbwa kwa wingi mwaka 2011. Tangu mwaka 2022, vita vya Ukraine vilipopandisha bei ya makaa duniani, yalianza kusafirishwa kwa wingi kwenda ng'ambo kwa bandari ya Mtwara, ile iliyochimbwa kwa ajili ya karanga. Huko yanakwenda kwa malori ya dizeli, lori moja nyuma ya jingine, juu ya lami ambayo mwanzoni mwa miaka ya 2020 ilikuwa imefika kutoka Mtwara hadi Mbamba Bay. Ni safari ya zaidi ya kilometa 600. Yakitoka Songea hupita Namtumbo na Tunduru, kisha huingia Masasi, mahali ambapo tawi la reli lilikomea, na hapo madereva husimama kula.